Sikio la Bati

Walikutana sokoni, katikati ya mikokoteni na kelele za wauza vitunguu. Mpiga picha za filamu alikuwa akirudi kinyumenyume, jicho kwenye kamera, akamkanyaga fundi sauti aliyeinua maikrofoni juu ya fimbo ndefu.

"Kaka, macho unayo mbele tu?"

"Samahani, dada. Hata kamera yangu haikukusikia." Akagusa maikrofoni ndogo ya kamera.

"Hiyo? Hilo ni sikio la bati!" Akacheka, vipokea sauti vikining'inia shingoni, juu ya shati lake la kijani. Kicheko hicho ndicho kilichomponza kijana wa watu.

Wakapendana. Mama yake fundi sauti alikuwa akiwafuata kazini na birika la chai. Alipofariki, binti alibaki na kadi moja ndogo ya kumbukumbu, yenye sauti ya mama akisimulia siku aliyomzaa. Asubuhi moja ya pilikapilika, mpiga picha aliiokota mezani, akafuta yaliyomo bila kuyasikiliza, apate pa kurekodia kazi ya siku hiyo.

"Umemzika mama yangu mara ya pili," binti alimwambia, akaondoka. Simu zake hakupokea.

Mpiga picha akajifungia na video zao zote za zamani, hata vipande vilivyoharibika. Hatimaye akapiga kwa simu ya jirani.

"Usikate, laazizi. Njoo studio."

"Niache, bwana."

"Ni mama."

Alikuja, kitambaa cheusi kichwani, akakaa mbali naye. Kwenye kioo cha kompyuta ulionekana ukuta mtupu. Siku hiyo kazini kamera ilikuwa imesahauliwa ikiwaka. Sauti ilikwaruza, kama inayotoka ndani ya kopo:

"We mkwe wangu! Shuka ngazini unywe chai. Ukivunjika shingo, huyu mwanangu nitamwozesha nani?"

Kisha kicheko kirefu kilichoishia kwenye kikohozi. Kikohozi chake hasa.

"Rudisha," binti alinong'ona. Akarudisha. "Tena."

Mara ya nne alishusha pumzi, mabega yakalegea kama ya mtu aliyetua mzigo wa kuni.

"Sikio la bati," alisema. "Na nilivyolitukana!"

"Nisamehe, mpenzi."

"Nimekusamehe tangu aliposema chai."

Mpiga picha akapiga goti kati ya nyaya. "Basi mama ameniita mkwe. Nimjibu nini?"

Binti akafuta macho kwa ncha ya kitambaa. "Kwanza weka nakala tatu. Kisha mwambie umeshashuka ngazini."