Jiwe Chini ya Banda la Kuku

Kila asubuhi, kabla ya kuvaa sare, Chiriku alifagia chini ya banda la kuku. Waliombandika jina hilo hawakukosea, maana mdomo wake haukujua likizo. Aliwasimulia kuku habari za mtaa mzima, nao, tofauti na mwalimu wake, hawakumwambia anyamaze. Fagio lilipogonga kile kijiwe chenye nondo katikati, alikizunguka tu na kuendelea na umbea.

Siku hizo umbea ulikuwa mmoja. Muuza saruji, jirani wa mbele, alikuwa anapanua ghala lake, na ukuta wake mpya ulikuwa umemeza kichochoro. Aliacha upenyo wa kupita mtu mwembamba, tena kwa ubavu. Kapteni, rafiki yake Chiriku, alitumia kiti cha magurudumu. Njia nyingine ya kwenda shule ilikuwa barabara ya malori, na mama yake alimkataza katakata kupita huko. Mtihani ulikuwa unabisha hodi, na Kapteni alikuwa amekaa nyumbani.

"Kapteni mzima nimetia nanga!" alitania kutoka ng'ambo ya ukuta, akichungulia kwenye upenyo. Sauti ilicheka, macho hayakucheka.

Jioni majirani walifurika kwa mama yake Chiriku, fundi cherehani. Vijana walikuja na nyundo.

"Tunauangusha leo leo!"

"Haya, angusheni," alisema mwenyekiti wa mtaa, bibi asiyepandisha sauti. "Kesho ninyi ndio mtakuwa washtakiwa, naye mlalamikaji. Tupeleke malalamiko, afisa wa ardhi aje apime. Akikuta njia imevamiwa, atampa notisi ya kubomoa. Akikaidi, mahakama ipo."

Mama alikuwa wa kwanza kutia sahihi, tena kwa mbwembwe. "Watu wana choyo jamani! Hata njia wanaila!"

Afisa alipokuja na ramani yake, muuza saruji alikunja mikono. "Nionyesheni jiwe la mpaka. Kama hakuna jiwe, hakuna njia."

Afisa alipekua nyasi, akachungulia mtaroni, wapi! "Ramani inasema lipo upande huu," alisema. "Tusipoliona, itabidi tupime upya mtaa mzima. Hiyo ni kazi ya miezi."

Moyo wa Chiriku ulipiga pa! Kile kijiwe chenye nondo! Kumbe banda lao nalo lilikuwa njiani. Alimtazama mama yake. Mama alimkata jicho la kumfunga mdomo, na kwa mara ya kwanza maishani Chiriku akakosa la kusema. Kisha akasikia magurudumu yakilia ng'ambo ya ukuta. Kapteni alikuwa anangoja.

"Liko chini ya kuku wetu," Chiriku alisema.

Muuza saruji akapasuka kwa kicheko. "Loo, fundi! Nyani haoni kundule!"

Mama aliinamisha uso. Kisha akafunga kanga kiunoni. "Mtoto huyu hata siri ya kuku hawezi kuficha! Haya, shikeni pembe ile, tulihamishe."

Kuku walipiga kelele kama wanaohamishwa nchi. Jiwe likaonekana, kamba ikavutwa, na ukuta ukakutwa umesimama ndani ya njia. Afisa alimpa muuza saruji notisi palepale.

Aliisoma, akakuna kichwa. "Fundi ametoa banda lake mbele ya kadamnasi. Mimi niburutwe mahakamani kwa ajili ya matofali? Vijana, zile nyundo ziko wapi?"

Jumatatu Kapteni alipita kichochoroni akipiga honi kwa mdomo.

Jioni hiyo Mama alimwita Chiriku karibu na cherehani.

"Ulinikasirisha, mwanangu, lakini ulisema kweli. Sheria ni kama tepu yangu ya kupimia, haimpendelei mnene wala mwembamba. Ukitaka impime jirani, nawe simama upimwe."

"Nikawaambie kuku?"

"Waambie. Wao ndio wa kwanza kuhama."