Risasi za Kabati la Chuma

Kila Jumamosi, baada ya chai, Baba alitandika gunia sebuleni na kuisafisha bunduki yake ya marisau. Alikuwa bwana nyama: kazi yake kulinda mashamba yasivamiwe na wanyama, na wanyama nao wasiuawe ovyo. Binti yake wa pekee, aliyebandikwa jina la Chiriku kwa kusema bila kumeza mate, aliruhusiwa kukaa mlangoni na kutazama. Kugusa, hapana.

"Hii?" Baba aliinua risasi ya kijani.

"Ya mlio tu. Ina baruti, haina marisau. Ya kufukuzia nyani."

"Lakini ukiwa karibu itakuumiza. Na hii?"

"Marisau madogo kama mtama. Ya ndege waharibifu. Ile nyingine ina makubwa kama mbaazi, ya nguruwe mwitu."

"Na hii nyekundu?"

Chiriku alishusha sauti. "Hiyo ni donge moja zito. Ya mnyama mkubwa akivamia watu, tena njia nyingine zote zikishindikana."

"Vyema. Ila usitegemee rangi, kila kiwanda kina rangi zake. Soma maandishi ubavuni." Kisha Baba akafungia vyote katika kabati la chuma, akaficha ufunguo nyuma ya saa ya ukutani.

Siku hizo Mjomba, mdogo wake Mama, alikuwa akikaa kwao. Alikuwa fundi wa pikipiki, mcheshi wa kuvunja mbavu. Chiriku alimpenda kupita kiasi, kwa kuwa ndiye mtu mzima pekee ambaye hakuwahi kumwambia anyamaze.

"Mwalimu wangu," Mjomba alimwambia mchana mmoja, wazazi wakiwa hawapo, "eti unazijua risasi zote? Sisadiki."

Kusikia hivyo, Chiriku alivimba kichwa. Alieleza moja baada ya nyingine. Mjomba alipouliza kama angeweza kuziona tu, kwa macho, Chiriku alinyoosha kidole kwenye saa. Mjomba akafungua, akatazama, akafunga. "Siri yetu, eh?" alisema, akamkonyeza.

Wiki iliyofuata, watu walikuja mbio. Nyati alikuwa amevamia bustani za mboga karibu na kisima, na akina mama walikuwa wamejifungia katika kibanda cha pampu. Baba alifungua kabati, akashika boksi la risasi nzito. Lilikuwa jepesi. Ndani hamkuwa na kitu.

Alichukua risasi za mlio, akatoka hivyo hivyo.

Chiriku na Mama walibaki dirishani, wakisikia mlio mmoja, kisha mwingine, kisha kimya. Baba aliporejea, shati lilikuwa limechanika na mkono unavuja damu. Alikuwa amepanda juu ya tangi la maji akimtishia nyati kwa milio, hadi askari wenzake walipofika na kummaliza, akina mama wakatoka salama.

"Yule nyati alikuwa na jeraha la zamani pajani," Baba alisema huku Mama akimfunga kitambaa. "Mtu alimpiga, akashindwa kumwangusha, akatuachia balaa. Kwa risasi nzito. Nani amefungua kabati langu?"

Mjomba alikuwa amesimama pembeni. "Shemeji, mimi nimeshamwona huyu mtoto akichezea ufunguo," alisema, akimnyooshea Chiriku kidole. "Nilimkanya. Labda amezitupa huko, au amewapa wenzake."

Chiriku alimkodolea macho. Alingoja amkonyeze, aseme ni utani. Mjomba hakumtazama kabisa. Mtu aliyemwita mwalimu alikuwa amemtoa kafara.

"Ni kweli?" Baba aliuliza taratibu.

Machozi yalimtiririka. Angeweza kukana. Lakini aliutazama mkono wa Baba uliofungwa kitambaa.

"Sikugusa risasi, Baba. Ila mimi ndiye niliyemwonyesha Mjomba ufunguo ulipo. Nilitaka anisifu. Nisamehe."

Mama alimgeukia mdogo wake. "Nitazame, mtoto wa mama yangu. Nitazame useme mtoto ni mwongo."

Mjomba alijaribu kuinua uso, akashindwa. Akaketi sakafuni kama mzigo ulioshushwa. Alikiri kuwa alitaka nyama ya kuuza, akarudi kabatini kuchukua risasi nzito, akaazima gobore la rafiki, bunduki ya kushindiliwa baruti mdomoni, lakini risasi hazikuingia. Rafiki akatafuta bunduki nyingine. Nyati alipopigwa akakimbia, nao wakakimbia.

"Na mpwa wako ukamsingizia," Mama alisema. Hilo ndilo lililomliza Mjomba.

Jioni ile Baba alimpeleka Mjomba kituoni mwenyewe. Hakumfunga kamba. Chiriku hakwenda kumuaga.

Baba aliporudi aliketi karibu naye. "Kosa la kwanza ni langu: ufunguo wa silaha hauwekwi mahali mtoto anapopajua. Kuanzia leo nitatembea nao. Lako ni kuuza siri kwa sifa. Anayekuomba umfiche wazazi wako jambo la hatari hakupendi, hata akikuchekesha vipi. Lakini umesema kweli wakati kweli ilikuwa inakuuma, na kwa hilo, mwanangu, naweza kukuamini tena."

"Na Mjomba?"

Baba alitia ufunguo mfukoni. "Mjomba itambidi aanze upya. Uaminifu ukivunjika haurudishwi kwa kicheko."