Matundu Mawili ya Sinki

Bomba la zamani lilikuwa na vishikio viwili, likakalia matundu matatu ya sinki la bafuni. Jipya lilitaka tundu la katikati tu. Mawili yaliyobaki, huku na huku, yakaachwa wazi, na tangu hapo bafu likaanza kunuka udongo mbichi, kama mahali palipotoka kuchimbwa.

Mwenye nyumba, mshonaji aliyefanyia kazi zake sebuleni, alimwaga dawa na kusugua mpaka vidole vikachubuka. Wapi! Harufu ilikuja na kuondoka, kama mtu mwenye shughuli zake.

Kisha akamkuta binti yake juu ya kigoda. Walimwita Chiriku kwa kuwa mdomo wake haukuwa na breki. Alikuwa ananong'ona kwenye tundu la kushoto, halafu anatega sikio kwenye la kulia.

"Unaongea na nani, mwanangu?"

"Anauliza jina langu."

"Umemwambia?"

"La utani tu. Analitaka lile la kweli."

Mshonaji hakungoja mumewe arudi. Alipima matundu kwa futi yake ya kitambaa, akaenda duka la vifaa vya ujenzi. Muuzaji alimpangia vibati vya kufunikia: cha plastiki kilichopakwa rangi ya fedha, cha duara cha tundu moja, na kirefu cha chuma cha pua, kizito, chenye mpira chini yake.

"Cha plastiki kinapendeza, lakini kitababuka," alisema muuzaji. "Wewe unataka cha urembo au cha kudumu?"

"Nataka kisichopitisha hata pumzi."

Muuzaji akacheka, akamtazama usoni, akaacha kucheka. Akamfungia kile cha chuma.

Fundi bomba, rafiki wa mumewe, alikuja mchana huohuo. Alilaza kibati, akapitisha bomba katikati yake, akajiingiza chini ya sinki, miguu tu ikabaki nje.

"Shemeji, kishikilie hapo juu kisisogee nikikaza nati."

Alikishikilia. Mara Chiriku akalia chumbani, kilio kimoja kilichokatika ghafla, na mama yake akaachia kibati akakimbia. Alimkuta amekaa kitandani, ametulia, macho makavu.

Aliporudi, alisimama mlangoni.

"Hapohapo, shemeji," fundi alikuwa anasema kule chini. "Kumbe una mkono mzito hivyo! Haya, achia."

Mshonaji alijitazama mikono yake, ameikumbatia kifuani. Juu ya kibati, alama za vidole vya maji, virefu kupita vya mtu, zilikuwa zinakauka.

Jioni harufu ilikuwa imehamia chumbani kwa Chiriku, na Chiriku hakusema neno, hata alipobembelezwa. Mume wa mshonaji aliporudi, akampigia simu shangazi yake, aliyezoea kutibu wenye majini, naye akafika kabla chakula hakijaipuliwa. Alinusa mlangoni tu.

"Mmeziba akiwa nje," alinong'ona. "Sasa hana pa kurudi ila kwa huyu mtoto. Fungueni."

Mume akalegeza nati, kibati kikainuliwa, na shangazi akaanza kusoma, kwanza polepole, kisha kwa sauti iliyopanda huku taa ikififia na kioo kikitoa jasho na ukuta ukigugumia kana kwamba mabomba yote ya nyumba yalikuwa yanameza kwa pamoja, mpaka kitu kisichoonekana kikapita katikati yao, baridi, kikateremka kwenye tundu kwa kishindo cha maji mengi.

"Zibeni! Upesi!"

Mume alikaza mpaka spana ikamteleza mkononi. Harufu ikakatika. Shangazi akaketi sakafuni, akifuta jasho. Mshonaji akaokota spana, akaanza kulia kwa faraja.

Ndipo kibati kikagongwa kutoka chini, taratibu.

"Mama," ilisema sauti ya Chiriku ndani ya bomba. "Nilimwambia jina langu. Mama, huku kuna giza, nitoe."

Mshonaji akainama na spana kuifikia nati.

Miguu midogo ikasikika ukumbini, bila haraka. Mtoto akaingia, akamwendea mama yake, akamchomoa spana mkononi kwa upole, akaificha mgongoni.

"Ni maji tu hayo, mama," alisema, akatabasamu. "Twende tukalale."