Mikono ya Mama Sudi

Kivishasura kilinguruma, kikimvika shahidi aliyekuwa kwenye filamu uso wa mtu asiyewahi kuzaliwa. Macho yakawa mengine, pua nyingine, sauti ikawa nzito. Tangu Mboni aanze kuitumia mashine hiyo katika filamu zake za watu wanaoonewa, hakuna shahidi wake hata mmoja aliyefukuzwa kazi wala kupigwa.

Shahidi mwenyewe, Mama Sudi, alikaa nyuma yake kampakata mwanawe. Kwenye filamu alisimulia jinsi vumbi la kiwanda cha betri lilivyowaua wenzake, huku akimlisha mtoto. Saa moja jioni filamu ingeruka hewani, kabla baraza la jiji la Tanga halijakiongezea kiwanda kibali. Muda ulikuwa unakwisha.

"Jione," Mboni akatamba. "Hata mama mkwe hakujui!"

Mwanamke mgeni wa kwenye skrini alichota uji, akaupuliza, akadondoshea tone mgongoni mwa mkono, akalilamba, ndipo akampa mtoto.

Sudi akanyoosha kidole. "Mama!"

"Kanijuaje huyu?" Mama Sudi akanong'ona.

Mboni akairudisha filamu nyuma, akaikazia macho mikono ile. Alificha sura na sauti za mama na mwana, mikono hakuikumbuka. Na msimamizi wa kiwanda humwona Mama Sudi akimlisha mwanawe kila mchana.

Haraka akaiamuru mashine ibadili na mienendo. Mwanamke akakakamaa, kijiko kikapanda na kushuka kama winchi ya bandarini. Habari za vifo zikasikika kama tangazo la sabuni. Sudi akageuza kichwa, akatafuta ziwa la mama yake.

"Hapo uko salama," Mboni akasema kwa unyonge.

"Salama wapi, dada? Mwanangu kanikataa, baraza ndiyo linisadiki? Nivue hiyo sura."

"Watakuandama!"

"Nikijulikana na msimamizi peke yake, atanimaliza kimyakimya. Nikijulikana na Tanga nzima, aanzie wapi?"

"Ikishatoka hairudi, Mama Sudi."

"Na mtoto je, akishazaliwa hurudi?"

Mboni akazima kivishasura. Akairusha filamu hewani jinsi ilivyopigwa.

Uso wa Mama Sudi ukajaa kwenye kuta za runinga za jiji zima. Barabarani watu wakasimama. Mboni akawachungulia dirishani, akaanza kujuta. Kisha mwanamke mmoja akapaza sauti kutoka chini:

"Jamani, mume wangu kafa kwa vumbi hilohilo!"

Mama Sudi akakimbilia dirishani, mtoto begani.

"Panda juu, mwenzangu! Panda!"

Mboni akaiwasha kamera.