Mayai ya Kuoka ya Saa Nne

Foleni ya malipo asubuhi ile ilikuwa imepinda mpaka kwenye rafu za sabuni. Watu walisukumana na vikapu, watoto walililia biskuti, na mashine moja tu ndiyo iliyokuwa ikifanya kazi. Katikati ya msongamano huo alisimama muuguzi aliyetoka zamu ya usiku kwenye wodi ya watoto. Alivaa koti jepesi la bluu juu ya sare nyeupe, na kitambaa alichofunga kichwani kilikuwa kimeteleza upande. Kikapu chake chenye trei ya mayai kilikuwa sakafuni, akikisogeza kwa mguu.

Alipoingia kwenye foleni macho yake yalikuwa wazi. Yalijifumba saa ngapi, hakujua. Kichwa chake kiliinama polepole, paji la uso likatua kwenye mgongo wa mwanamume aliyekuwa mbele yake.

Mwanamume yule alidhani anasukumwa. Akataka kugeuka afoke, ndipo aliposikia mkoromo mdogo, kama wa paka. Akatulia. Foleni mbele yake ikasogea, yeye hakusogea. Wa nyuma walipoanza kunung'unika, aliwaonyesha kwa mkono wapite. Wakapita, wengine wakicheka, naye akabaki ameduwaa pale na ovaroli lake la kijivu lenye madoa ya grisi, mkononi mkate na kipande kikubwa cha jibini.

Kilichomwamsha muuguzi ni simu ya mwanamume huyo.

"Mbona umesimama?" muuguzi alifoka, kana kwamba kosa ni la mwenzake. "Foleni si imekwenda!"

"Nilikuwa nimebeba mtu."

"Mtu gani?"

"Simjui. Ila anakoroma kidogo."

"Mimi sikoromi!"

"Basi labda ni friji."

Muuguzi alicheka kabla hajapata nafasi ya kukasirika. Mwanamume akapokea simu, akasikiliza, akashusha pumzi.

"Mimi ni fundi wa lifti," alisema. "Kuna watu wamekwama kwenye jengo moja huko. Sina muda tena wa kupanga foleni." Akaweka jibini na mkate kwenye kikapu cha muuguzi. "Wewe una mayai. Piga mayai na maziwa, kata mkate vipande, kuna jibini, mwaga vyote kwenye bakuli, oka."

"Nani kakwambia nina nguvu za kuoka?"

"Inayofanya kazi ni oveni. Wewe unakaa tu. Ukikwama nipigie, si ndiyo kazi yangu kukwamua watu?"

Alitaja namba yake ya simu huku akienda kinyumenyume kuelekea mlangoni. Muuguzi, ambaye asubuhi ile alikuwa amesahau hata mwavuli wake wodini, alishangaa kwamba namba yote ilibaki kichwani.

Alimpigia siku hiyo hiyo.

"Fundi, imepanda juu kama keki, halafu imeshuka."

"Ulifungua oveni."

"Nilichungulia tu."

"Usichungulie, sista. Ukichungulia inashuka. Lakini ni tamu?"

"Nimekula nusu nimesimama."

"Basi haina neno. Nenda kalale."

Hivyo ndivyo walivyoanza. Muuguzi alimwita Fundi, na fundi alimwita Sista, kama wagonjwa wanavyowaita wauguzi, ila yeye alilitamka kwa sauti ya chini iliyomfanya Sista ageuze uso. Mapenzi yao yalikuwa ya kuibia usingizi. Sista alitoka kazini wakati Fundi anaingia. Fundi alilala kwenye gari la kampuni, kati ya jengo na jengo, miguu ikiwa juu ya sanduku la vifaa. Nafasi yao ya kukaa pamoja ilikuwa Jumapili, saa nne, wakati chai ya asubuhi imeshapita na chakula cha mchana bado. Walikutana chumbani kwa Fundi, mbele ya oveni yake ndogo ya mezani. Mmoja alikuna jibini, mwingine alikatakata vitunguu na pilipili hoho. Kisha walikaa sakafuni wakitazama kioo cha oveni jinsi mayai yanavyovimba.

"Ungekuwa na kazi ya kawaida," Sista alimwambia siku moja, "ningekuzoea mpaka ningekuchoka."

"Na sasa?"

"Sasa nimechoka hata kabla ya kukuzoea."

Walicheka. Lakini Jumapili nyingi Fundi alifika mayai yamekwisha kupoa, na nyingine hakufika kabisa. Lifti hazijui siku ya mapumziko. Sista alikuwa na ufunguo wa chumba cha Fundi, alikuwa na jibini, alikuwa na simu iliyosema, "Mpenzi, dakika chache tu." Mara nyingi usingizi ndio uliomkuta kwanza.

Ndipo wakapanga Jumapili ya Fundi kwenda kumwona mama. Mama yake Sista alikuwa mwalimu mstaafu, aliyehamia kwa binti yake tangu mkono wake wa kushoto ulipolegea kwa maradhi. Alitaka kumwona huyo mtu anayemfanya mwanawe acheke na simu bafuni.

Siku hiyo Sista alitoka zamu, hakulala. Alivaa gauni la rangi ya machungwa lililokuwa likisubiri siku yake kabatini, akapaka bakuli siagi, akapanga mkate, akamwaga mayai, akafunika yote kwa jibini. Jiko likajaa harufu nzito ya siagi na kitunguu. Akaufungua mlango wa mbele ili joto litoke. Akapanga sahani, akaketi. Akangoja. Jibini iliyokuwa juu ikawa ngumu, na katikati ya bakuli pakabonyea.

"Yuko wapi?" mama aliuliza.

"Anakuja."

Na kweli alikuwa njiani. Asubuhi hiyo mjamzito mmoja alikwama kwenye lifti, na Fundi alipiga magoti nje ya mlango ule akizungumza naye, huku mikono yake ikihangaika na nyaya, mpaka akamtoa. Ndani ya gari alivua ovaroli, akavaa shati jeupe alilopiga pasi tangu jana yake na suruali ya kijivu. Alipanda ngazi mbili mbili, mkononi amebeba maua yaliyofungwa kwa karatasi. Alipofika mlangoni akaacha kupumua kwa nguvu, ili asionekane mtu wa kukimbiakimbia. Ndipo aliposikia sauti ya Sista kutoka jikoni.

"Nimechoka naye, mama. Nimechoka kabisa. Nikiwa macho, amelala. Nikilala, anapiga simu. Najipamba, nangoja, chakula kinapoa. Bora nikae peke yangu nijue moja."

"Si umwambie?"

"Nimwambie nini? Sina hata nguvu za kugombana."

Fundi alisimama na maua yake. Hakuona neno la kubishia, kwa sababu kila lililosemwa lilikuwa kweli. Akageuka, akashuka ngazi taratibu, moja moja. Ndani ya gari akaandika ujumbe: "Nimekwama kazini. Nisamehe. Pumzika."

Sista aliusoma mara moja tu. Akaliweka bakuli zima kwenye friji, akavua lile gauni.

"Hataki kukuona, mama," alisema. "Angetaka, angefika."

Baada ya hapo simu zikanyamaza. Fundi hakupiga kwa sababu aliona kila simu yake ni usingizi anaomnyang'anya mtu. Sista hakupiga kwa sababu aliona anamsumbua mtu aliyekwisha kumkwepa. Kila mmoja alidhani anampumzisha mwenzake. Wodini, Sista alifunga bandeji vizuri kama kawaida, lakini watoto waliacha kumwomba hadithi. Fundi alianza kupokea hata kazi zisizokuwa zake. Alikonda. Mafundi wenzake wakamwuliza kama anaumwa, akasema ni vumbi tu.

Mama ndiye aliyechoka kutazama. Asubuhi moja ya Jumapili, Sista akiwa amelala fofofo, mama alichukua simu ya binti yake, akalitafuta jina "Fundi", akapiga.

"Sista?" sauti ya upande wa pili ilidakia kabla simu haijalia mara ya pili.

"Ni mama yake. Oveni yangu haipati moto. Njoo uitazame."

"Mama, shikamoo. Lakini mimi ni fundi wa lifti."

"Marahaba. Kwani lifti haitumii umeme?"

"Inatumia."

"Basi njoo."

Alikuja na ovaroli na sanduku la vifaa. Akainama nyuma ya oveni, akatazama, akainuka.

"Mama, plagi imechomolewa."

"Kumbe!" mama alisema bila haya yoyote. "Ndiyo maana nikataka fundi. Haya, nawa mikono. Mimi mkono mmoja hauna nguvu, nipigie hayo mayai."

Fundi alipiga mayai. Mama akasimamia: maziwa kidogo, chumvi punje chache kwa sababu jibini ina chumvi yake, pilipili manga. Walifanya kazi kwa minong'ono ili wasimwamshe aliyelala. Bakuli lilipoingia kwenye oveni, mama aliketi, akamtazama kama alivyokuwa akiwatazama wanafunzi.

"Siku ile kwa nini hukuja?"

Fundi alikuwa akifuta meza. Akaendelea kufuta mahali palipokuwa safi.

"Nilikuja, mama. Nilifika mlangoni. Nikasikia amenichoka."

"Ukaondoka?"

"Mtu akisema amekuchoka, unamwacha apumzike."

Mama aliusogeza mkono wake wa kushoto mapajani. "Baba yake huyu," alisema, "nilimchoka tangu mwaka wa kwanza. Alikuwa anakoroma, anaacha taulo kitandani, anaalika wageni bila kuniambia. Nikamchoka mpaka siku aliyofariki. Sasa nimechoka kukaa bila yeye. Na kuchoka huku, mwanangu, hakuna kupumzika."

Fundi aliacha kufuta meza. Alikuwa ametazama mlango wa jikoni, ambako Sista alisimama na gauni la kulalia lililopauka, alama za mto zikiwa bado shavuni. Haikujulikana amesimama pale tangu lini.

"Ulifika?" aliuliza.

"Nilifika."

"Ulikuwa umevaa nini?"

Swali lile lilimshangaza. "Shati jeupe. Na maua nilikuwa nayo."

Sista alivuta kiti akakaa. "Nilikuwa nakusema wewe," alisema. "Usije ukadhani nilikuwa namsema mtu mwingine."

"Najua."

"Na bado nimechoka. Sikudanganyi. Tangu uache kupiga simu nalala saa zote ninazotaka, na naamka nimechoka zaidi."

"Sista..."

"Subiri, sijamaliza. Kuchoka nimechoka. Lakini nani alikwambia nimekuacha? Ungeingia tu ndani, ningekugombeza, ungekula, yakaisha."

"Ulisema huna nguvu za kugombana."

"Ningezitafuta!"

Mama alikohoa ili asicheke. Fundi alichuchumaa mbele ya kiti cha Sista, ovaroli likikunjamana magotini.

"Mimi siwezi kukuahidi kwamba sitachelewa," alisema. "Nikikuahidi hivyo nitakuwa nakudanganya. Nimeomba waniondoe kwenye zamu ya Jumapili, wamesema watafikiria. Hicho ndicho nilicho nacho."

Sista alimtazama kwa muda. Aliona kope zilizovimba, ndevu za siku kadhaa, kidonda kidogo kwenye kidole ambacho hakuna aliyekifunga vizuri. Akakishika kile kidole, akakigeuza kwenye mwanga kwa mazoea ya kazi.

"Kama ni kuchelewa, basi chelewa kuja nyumbani," alisema. "Siyo kila wiki uchelewe kama mgeni."

Fundi aliinua uso. "Unaniposa?"

"Sasa nikungojee wewe? Utafika lini?"

Fundi alicheka mpaka akalazimika kushika mguu wa meza, na macho yake yalikuwa yamelowa. Kisha akageuka kwa heshima. "Mama, mimi nilitaka kuja siku rasmi, na watu wangu, niombe..."

"Omba sahani," mama alimkatiza. "Hilo lingine nimeshakubali tangu ulipopiga mayai bila kumwaga. Wazee wako waje tu kunywa chai."

Mayai yalikuwa yamevimba, jibini juu imekuwa kahawia na inatokota pembeni. Mama alichoma kisu katikati, kikatoka kikavu. Walikata vipande vikubwa, mvuke ukapanda, wakala kimya kwa njaa ya watu wazima wasiokumbuka walikula lini kwa mara ya mwisho bila haraka. Fundi alikuwa kwenye kipande cha pili simu ilipolia.

Hakuipokea. Alimtazama Sista, mkono ukiwa juu ya mfuko.

"Pokea," Sista alisema. "Kuna mtu amekaa gizani anakungoja."

Akapokea, akasikiliza, akasema anakuja. Alisimama, akachukua sanduku lake, akasita mlangoni kama mtu anayetafuta samahani mpya kwa sababu zile za zamani zimekwisha kuchakaa. Sista alifunika sahani ya Fundi kwa sahani nyingine. Akaenda kwenye droo, akapekuapekua, akarudi na ufunguo wa nyumba, akauweka kwenye kiganja cha Fundi na kuvifunga vidole vyake juu yake.

"Usigonge," alimwambia, akipiga miayo. "Nitakuwa nimelala. Ingia tu."