Kidawa na Nyota Kijungu

Haya, sogeeni! Mwenye njaa akae karibu nami. Mwenye shibe akae nyuma. Hadithi hii ni ya wenye njaa.

Hapo kale, au labda jana, palikuwa na mji unaoitwa Mafigani. Angani kwao kulikuwa na miezi miwili. Mmoja wa kutumia, mmoja wa akiba.

Na kulikuwa na nyota moja ndogo. Ilikaa upande upande, kama chungu kwenye mafiga mabovu. Jina lake Kijungu.

Watu wa Mafigani hawali chakula cha jioni mpaka Kijungu kitoke. Kikitoka, vyungu vyote huepuliwa na mji mzima hula pamoja. Hakuna wa kwanza, hakuna wa mwisho.

Na ukila kabla? Utashikwa na kwikwi mbele za watu. Kwi! Aibu iliyoje!

Anayechungulia nyota ni mtoto aliyeng'oka jino karibuni. Maana wazee walisema, mwenye pengo hawezi kusema uongo. Uongo wake huvuja pale pale penye pengo.

Sasa, jana jino la Kidawa lilianguka. Tumbwi! Ndani ya uji. Kwa hiyo leo zamu ni yake, na ni mara yake ya kwanza.

Kidawa akapanda ngazi mpaka juu ya paa. Akashika kiuno. Leo alijiona mkubwa kweli kweli!

Chini, mdogo wake Pongwa alikaa mbele ya chungu cha mama. Kijiko mkononi, macho kwenye maharage.

Kidawa akaimba:

"Kijungu, Kijungu, chungulia!
Matumbo yetu yanalia!"

Akatazama juu. Kweupe tu. Hakuna nyota.

"Bado?" akauliza mama.

"Bado, mama."

"Basi tuongeze kuni, chakula kisipoe!"

Mji mzima ukaongeza kuni. Vyungu vikachemka. Tokota, tokota, tokota!

Kidawa akaimba tena, kwa sauti kubwa zaidi:

"Kijungu, Kijungu, chungulia!
Matumbo yetu yanalia!"

Wapi! Kweupe kumezidi.

Tumbo la Pongwa likanguruma. Nguruu! Tumbo la jirani likaitikia. Nguruu-nguruu!

"Ongezeni kuni!" watu wakasema. Tokota, tokota, tokota!

Ndipo akaja Jumbe Shomari, mkubwa wa mji. Alikuja na kofia yake ndefu na tumbo lake refu zaidi.

Akapanda ngazi mpaka karibu na Kidawa. "Mjukuu wangu," akanong'ona, "sema tu umekiona."

"Lakini sijakiona, Babu Jumbe."

"Sema kidogo tu!"

"Kidogo vipi, babu?"

Jumbe akafungua mdomo ajibu. "Kwi!"

Watu wote wakageuka. "Haa! Jumbe! Umekula!"

"Nani, mimi? Kwi! Ni andazi moja tu. Kwi! Dogo. Kwi! Na lile jingine. Kwi!"

Watu wakacheka mpaka wakashika mbavu. Lakini Pongwa hakucheka. Pongwa alilia.

"Dada, njaa inaniuma."

Moyo wa Kidawa ukauma pia. Akisema tu "Kimetoka!", Pongwa atakula sasa hivi.

Akagusa pengo lake kwa ulimi. "Siwezi, Pongwa," akasema. "Sijakiona."

"Mtoto gani huyu!" watu wakanung'unika. "Macho yako yana kazi gani?"

Kidawa akataka kulia. Akavuta pumzi. Mvuke wa maharage ukamwingia puani. Ha... haa... haaa...

CHYAAA!

Hewa nyeupe ikapasuka, ikawa na tundu. Ndani ya tundu, kitu kikakonyeza. Kisha vyungu vikatokota, na tundu likafungika.

"Ala!" akapiga kelele Kidawa. "Mama! Haya si mawingu! Ni mvuke wetu! Vyungu vyetu vinaficha Kijungu! Funikeni vyungu! Toeni kuni!"

"Thubutu! Chakula kitapoa!" watu wakasema. Hakuna aliyesogea.

Pongwa akafuta machozi. Akaweka kijiko chini. Akainua kifuniko kikubwa kuliko yeye.

Bap!

Mama akamtazama, akatoa kuni. Jirani naye, bap! Mji mzima, bap, bap, bap!

Wakachukua vipepeo vya mkono. Wakachukua nyungo. Wakachukua kanga. Jumbe akapepea kwa kofia yake. Pepea, kwi! Pepea, kwi!

Mvuke ukaenda zake. Na pale juu, upande upande, kilikaa Kijungu. Kumbe kilikuwepo muda wote!

Kidawa akafungua mdomo wote, pengo na yote.

"KIJUNGU KIMETOKAAA!"

Fwaaa! Vyungu vikafunuliwa. Wali umepoa kidogo. Maharage yamepoa kidogo. Nani alijali?

"Kilichopoa hakiunguzi ulimi," akasema mama.

Pongwa alikula sahani tatu. Kidawa akapewa ukoko wote wa wali, zawadi ya mchunguliaji. Kwa pengo lile, ataukataje? Aliumumunya tu, mumunya, mumunya, huku anacheka.

Tangu siku hiyo, watu wa Mafigani hufunika vyungu kwanza. Bap! Ndipo wanaimba.

Wakati wa kulala, Kidawa na Pongwa walijilaza kwenye mkeka. Mbali kidogo, nyumbani kwa Jumbe, ilisikika: kwi!

Kidawa akachungulia dirishani. "Kijungu, mvuke wetu ulikuwashawasha puani?"

Juu angani, kitu kikafanya: chya.

"Afya," akasema Kidawa. Akafumba macho.

Nami nafunika chungu changu cha hadithi. Lala, mwanangu.

Bap.