Mboga Zinazovunjika Mdomoni

Kila asubuhi Mzee Ayubu huamka kwa adhana. Huswali, hunywa chai, kisha hushuka ziwani kuangalia mashua yake. Ni mashua ya mbao yenye injini, na hupeleka mizigo kutoka Baraka hadi Kalemie, miji ya Kongo kando ya Ziwa Tanganyika. Watu humwita Kapiteni. Ayubu hulipenda jina hilo. Amezoea kusema neno moja, na watu kumi kutii.

Lakini mwezi mmoja hakukaa ziwani. Aliangalia kamba, aliangalia injini, akawaachia mabaharia kazi, kisha akarudi nyumbani haraka. Mke wake, Munira, alikuwa kitandani.

Munira alikuwa amepata malaria kali. Alilazwa hospitali siku tisa. Siku ya kutoka, muuguzi alimvuta Ayubu pembeni.

"Mama amepona malaria," muuguzi alisema. "Lakini damu yake imepungua na nguvu hana. Dawa inamubakia ni chakula. Asipokula, utamurudisha hapa."

Maneno hayo yalimkaa Ayubu kichwani. Asipokula, utamrudisha hapa.

Majirani hawakuwaacha peke yao. Bamama wa mtaa walileta uji, ugali, sombe ya majani ya muhogo na samaki wa kuchemsha. Kila chakula kilikuja katika bakuli lililofunikwa vizuri. Munira alikula vijiko viwili, akageukia ukuta. Binti yao, Samira, ameolewa Misisi, na mvua ilikuwa imeharibu barabara. Hata pikipiki hazikupita, hivyo hakuweza kuja kumpikia mama yake.

"Mama Samira, kula hata kidogo," Ayubu alisema.

"Baba Samira, mi nimechoka na bitu laini. Uji laini. Sombe laini. Samaki laini. Nikiweka mu kinywa, naona kama ningali hospitali."

"Sasa unataka nini?"

Munira alifikiri. "Nataka kitu inavunjika. Unakumbuka mboga za yule mama wa Lusenda, kule soko? Anazikaanga na unga, muntu anachovya mu sosi ya pilipili. Ile, ningekula."

Alitabasamu kidogo. Ayubu hakuwa ameliona tabasamu hilo kwa majuma matatu. Alivaa kofia yake, akatoka.

Mama wa Lusenda anaitwa Léoncie. Ni Mrundi, mkulima tangu utoto wake. Alikimbia kwao, na sasa anaishi katika kambi ya wakimbizi ya Lusenda. Mara mbili kwa juma huleta mboga katika soko la Baraka. Kando ya meza yake ana mbabula, jiko dogo la makaa, na juu yake hukaanga mboga kidogo kuwaonjesha wateja. Watu humwita Mama Eloge.

Ayubu alinunua mfuko mmoja wa mboga zilizokaangwa, akaufunga vizuri, akaupeleka nyumbani. Munira alitia kipande mdomoni, akatafuna polepole.

"Harufu ni yenyewe," alisema. "Lakini zimelala."

Kweli, mboga zilikuwa zimelala. Zilikuwa laini kama mkate uliolowa. Ayubu alirudi sokoni.

"Hizi haziwezi safari, mzee," Léoncie alimwambia. "Zinakaangwa karibu na mulaji. Mukaange kwenu nyumbani."

"Nani akaange? Mama ni mugonjwa."

"We."

Bamama waliokuwa wakiuza karibu walicheka. Ayubu alitazama kushoto, akatazama kulia.

"Mi niko kapiteni wa mashua," alisema.

"Basi unajua moto na unajua mafuta. Kaa hapo, uangalie."

Ayubu alikaa kwenye kigoda. Alishika nyanya mkononi na kuigeuzageuza, ili anayepita adhani anachagua nyanya. Lakini macho yake yalikuwa kwenye mikono ya Léoncie.

Léoncie alichukua bilinganya, karoti, kitunguu na majani ya lengalenga, yaani mchicha. Alikuwa ameviosha vyote. Alikata bilinganya na karoti nyembamba, unene wa kalamu. Kisha alivifuta vyote kwa kitambaa safi.

"Maji ni adui ya mafuta," alisema. "Mboga ikiwa na maji, mafuta inaruka, inakuchoma. Tena mboga haiwi kavu."

Alitia kikombe kimoja cha unga wa ngano katika bakuli. Akaongeza nusu kikombe cha unga wa muhogo na chumvi kidogo.

"Muhogo wa nini?" Ayubu aliuliza.

"Ndio unaleta ule mulio. Ngano peke yake inakuwa kama mukate."

Alimimina maji ya baridi kutoka mtungini, kidogo kidogo. Alikoroga mara chache tu, akaacha. Rojo lilikuwa zito kidogo kama maziwa ya mgando, na lilikuwa bado na mabonge madogo.

"Bado iko na mabonge," Ayubu alisema.

"Uyaache. Ukikoroga sana, inakuwa ngumu, inavutika. Hii si uji wa mutoto."

Kisha alidondosha tone moja la rojo katika mafuta. Tone lilizama, likapanda juu haraka, likachemka pembeni.

"Hapo mafuta iko tayari. Tone ikikaa chini, ungoje. Ikiungua mara moja, upunguze makaa. Na usijaze kikaango. Chovya mboga mu rojo, utie vipande vitano, sita. Ukitia vyote, mafuta inapoa, mboga inakunywa mafuta."

Ayubu aliona mambo yote hayo ni rahisi. Alisema moyoni kwamba mtu anayetengeneza injini katikati ya ziwa hashindwi na karoti.

Siku ile alishindwa na karoti. Aliona uvivu kufuta mboga. Mafuta yaliruka, yakamchoma kifundo cha mkono. Kwa hasira alitia vipande vyote pamoja ili amalize haraka. Vilitoka vizito, vinachuruzika mafuta. Hakumpelekea Munira. Aliwatupia kuku.

Kesho yake alifanya kila kitu kama alivyofundishwa. Alifuta, alikata nyembamba, alipima mafuta kwa tone. Alikaanga sita, akatoa, akakaanga sita. Alionja kipande cha bilinganya hapo hapo jikoni. Kacha! Kilivunjika mdomoni. Mzee Ayubu alicheka peke yake.

Sasa ilibaki kumpelekea Munira. Jiko lao liko nje, mwisho wa uwanja. Kutoka jikoni hadi mlango wa Munira ni lazima kupita mbele ya baraza la jirani yao, Useni. Hapo wanaume hucheza dame, mchezo wa kete, kutwa nzima, na Useni ana mdomo usiopumzika. Ayubu alipanga mboga katika sahani, akaifunika kwa sahani nyingine, akaizungushia kitambaa. Alingoja jikoni. Wanaume wote walipoinamia mchezo, alipita upesi kama mtu aliyebeba barua.

"Karibu, Mama Samira," alisema, akafunua.

Munira aliuma kipande. Hakukuwa na mlio wowote. Alikula vipande viwili, kwa kumhurumia mume wake.

"Umejaribu, Baba Samira," alisema. "Usijali."

Alipolaza mkono wake juu ya shuka, Ayubu aliuona ulivyokonda. Bangili yake ilikuwa imeteremka hadi kwenye vidole.

Siku ya soko ilipofika, alimfuata Léoncie.

"Mama Eloge, kuna kitu ulinificha. Jikoni zinavunjika. Nikifika kwa mama, zimelala. Mara mbili sasa!"

Léoncie hakukasirika. Alimwomba mwenzake amwangalizie meza.

"Twende kwenu," alisema. "Nitakaa kimya. Nitaangalia tu."

Alikaa jikoni kwa Ayubu kwenye mkeka, mikono magotini. Aliangalia Ayubu akifuta mboga. Aliangalia rojo. Aliangalia tone likipanda. Kila mara alitikisa kichwa kukubali. Mara moja tu alifungua mdomo.

"Ule wavu wa kuchomea samaki, uuweke juu ya beseni. Mboga ikitoka mu mafuta, ikae pale. Mafuta inachuruzika, na hewa inapita chini."

Ayubu alifanya hivyo. Kisha alipanga mboga katika sahani, akachukua sahani ya pili, akafunika. Akachukua kitambaa. Akachungulia mlangoni kuona kama Useni anatazama.

"Ngoja," Léoncie alisema. "Uiweke chini kwanza. Tuhesabu pole pole mpaka mia."

Walihesabu. Kisha Léoncie akafunua, akageuza ile sahani ya juu. Kwa ndani ilikuwa imelowa. Matone yaliteremka kwenye kidole chake.

"Haya maji yametoka wapi, mzee?"

Ayubu aliyatazama. "Sikutia maji mi."

"Yametoka mu mboga. Mboga iko na maji ndani, na ya moto inatoa moshi wa maji. Ukifunika, moshi unakosa njia. Unagonga sahani, unakuwa maji, unaanguka juu ya mboga. Ni we unazinyeshea mvua."

"Lakini chakula kinapelekwa kimefunikwa! Ni heshima."

"Ni heshima kweli. Kwetu pia tunafunika. Ugali, funika. Sombe, funika. Lakini hii, hapana. Ile mufuko ulifunga siku ya kwanza, ni jambo moja na hili. Kifuniko kina kazi ingine, ukiweke hapa, karibu na mbabula. Mafuta ikishika moto, funika kikaango, utoe makaa. Usitie maji hata tone, moto utaruka mupaka ku nyasi ya paa."

"Na inzi?"

"Fukuza na mukono. Na utembee haraka."

Ayubu alitazama nje. Kwenye baraza, Useni alikuwa anacheka na wenzake wawili. Léoncie alifuata macho yake.

"Mzee," alisema kwa sauti ya chini, "unafunika mboga, ama unajifunika we?"

Swali lilimchoma kuliko mafuta. Ayubu alikuwa amevuka ziwa usiku wa mawimbi makubwa. Hakuna aliyewahi kumwona akitetemeka. Na sasa alikuwa anaogopa hatua chache za uwanja wake mwenyewe. Alimkumbuka muuguzi. Alikumbuka ile bangili.

"Kaanga zingine," alisema. Kisha akajirekebisha. "Hapana. Nitakaanga mi mwenyewe."

Wakati huo Léoncie alimwonyesha sosi. Alisaga nyanya mbili na kipande cha kitunguu, akazipika kidogo mpaka zikawa nzito. Akatia chumvi, sukari kidogo sana, na maji ya ndimu. Pilipili aliitia kidogo tu, kwa sababu ya mgonjwa. Sosi aliiweka katika kibakuli chake, mbali na mboga.

"Usiimwage juu," alisema. "Mulaji atachovya mwenyewe, kipande kwa kipande."

Ayubu alipanga mboga katika sahani pana, hazikulaliana. Aliinua sahani kwa mkono mmoja na kibakuli kwa mkono wa pili. Akatoka. Jua lilikuwa juu, na kila mtu aliona.

"Ee! Kapiteni!" Useni aliita. "Umeacha mashua, sasa unaendesha kikaango?"

Wenzake waliangua kicheko. Ayubu hakusimama.

"Nani amepika?" Useni aliuliza tena. "Usiniambie ni we!"

"Ni mi," Ayubu alisema, akiendelea kutembea. "Nimepikia bibi yangu, Mama Samira. Mukitaka kucheka, muchekee pembeni. Zinapoa."

Useni alibaki ameshika kete ya dame hewani. Harufu ilimpita puani.

Munira alikuwa ameegemea mto. Alichukua karoti, akachovya, akauma.

Kacha!

Alipanua macho. Akachukua kitunguu. Kacha! Akachukua jani la lengalenga, jembamba, lililokauka kama karatasi. Lilivunjika lote mdomoni, akacheka kwa kushtuka. Ayubu alikaa ukingoni mwa kitanda, akasikiliza. Munira alikula mpaka sahani ikabaki na unga unga, na akala na samaki kidogo aliyemkataa asubuhi.

"Sosi inataka chumvi," alisema.

Mlangoni, Léoncie alicheka. "Akianza kuteta chumvi, amepona huyo."

Muuguzi alipopita juma lile, Ayubu alimweleza yote. Muuguzi alifurahi, lakini alionya. Mboga za mafuta si chakula cha kila siku. Zifungue njia tu, na sombe, maharagwe na samaki vifuate. Tena mafuta yakishakuwa meusi au yenye harufu, yamwagwe, yasirudiwe. Ayubu alishika yote. Munira naye, mdomo ulipofunguka, alianza kula vyakula vingine kimoja kimoja. Sombe aliirudia siku ya tano.

Useni alikuja jikoni siku moja mchana, peke yake. Alisema amekuja kuazima makaa. Makaa hakuyachukua.

"Kapiteni," alisema polepole, "batoto ba kwangu banakataa lengalenga. Ile unga, ulichanganya na nini?"

Ayubu alimsogezea kigoda na kitambaa. "Anza kufuta," alisema. "Maji ni adui ya mafuta."

Vipande vya kwanza vilikuwa tayari juu ya wavu, nao walikuwa bado wanafuta majani mengine pale kivuli kilipoingia mlangoni. Ayubu aliinua kichwa. Ni Munira, amesimama mwenyewe, mkono mmoja kwenye mwimo wa mlango. Alikuwa amevuka uwanja wote bila kushikwa na mtu.

"Mama Samira! Rudi ukalale, nitakuletea!"

"Uniletee wapi?" Munira alisema. Alikaa mkekani taratibu, akasogea karibu na wavu, akanyoosha mkono kwa kipande kilichotoka tu katika mafuta. "Mi nakula hapa hapa, zingali na moto. We endelea kukaanga."

Ayubu akadondosha tone la rojo katika mafuta. Likazama, likapanda.